Christopher Okigbo: Mshairi aliyeweka kalamu akashika bunduki

Ukizungumza na wapenzi wa ushairi nchini Nigeria, haipiti muda kabla jina la Christopher Okigbo halijatajwa. Mtu huyu aliandika kwa muda mfupi, usiofika miaka kumi. Alipokuwa hai alitoa vitabu viwili vyembamba tu. Kisha nchi yake ikaingia vitani, naye akavaa magwanda, akaenda mstari wa mbele na hakurudi. Mwaka huo ulikuwa 1967, na umri wake ulikuwa haujafika miaka 40.

Wasikilizaji wetu wenye umri mkubwa wanalikumbuka jina la Biafra. Wengi walilisikia redioni mwishoni mwa miaka ya 1960, pamoja na habari za watoto waliokuwa wakifa kwa njaa. Vijana huenda wamelisikia shuleni. Leo tunavitazama vita hivyo kupitia maisha ya mtu mmoja. Okigbo alisoma na watu wa kila upande wa Nigeria, akaoa nje ya kabila lake, akaishi na kufanya kazi mbali na kwao, na alikataa kuitwa mshairi wa rangi fulani. Vita vilipokuja, vilimtaka mtu wa namna hiyo achague upande mmoja.

Mtoto wa mwalimu, mjukuu wa kuhani

Okigbo alizaliwa mwanzoni mwa miaka ya 1930 katika kijiji cha Ojoto, kusini mashariki mwa Nigeria, katika jimbo ambalo leo linaitwa Anambra. Wazazi wake walikuwa Waigbo. Baba yake, James Okigbo, alikuwa mwalimu wa shule za msingi za Wakatoliki, na kwa kuwa mwalimu wa wakati ule alihamishwa mara kwa mara, watoto wake walikua wakihama naye. Kaka yake Christopher, Pius, alikuja kuwa mmoja wa wachumi wakubwa wa Nigeria.

Jina lake la Kiigbo lilikuwa Ifekandu. Maana yake ni kwamba kuna kitu kilicho kikubwa kuliko uhai. Jina hilo alipewa akiwa mtoto mchanga, lakini wanaojua alivyokufa hawawezi kulisikia bila kutafakari.

Nyumba yao ilikuwa ya Kikristo, ila upande wa mama kulikuwa na urithi mwingine. Babu yake mzaa mama alikuwa kuhani wa madhabahu ya jadi, palipoabudiwa Idoto, mungu wa kike wa mto unaopita Ojoto. Ndugu waliamini kwamba babu huyo amerudi duniani kupitia mtoto Christopher. Imani ya namna hii si ngeni kwetu Afrika Mashariki, ambako mjukuu hupewa jina la babu na kusalimiwa kama babu mwenyewe. Kwa Okigbo, ilimaanisha kwamba siku moja angetakiwa kushika kazi ya babu yake kwenye madhabahu ile.

Hakuwa kuhani kwa maana hiyo. Lakini alipoanza kuandika kwa dhati, alisema ushairi ndiyo njia yake ya kutimiza wajibu ule. Shairi linalofungua kitabu chake cha kwanza linamweka msemaji mbele ya Idoto, kama mtoto aliyepotea mbali na sasa anaomba kupokelewa nyumbani.

Umuahia na Ibadan

Baada ya shule ya msingi alikwenda Government College ya Umuahia, shule ya sekondari ya bweni iliyosifika sana mashariki mwa Nigeria. Hapo alimkuta Chinua Achebe, aliyemtangulia madarasa mawili, na ambaye baadaye angeandika riwaya ya Things Fall Apart. Urafiki wao ulidumu hadi mwisho.

Mwaka 1951 aliingia chuo kikuu cha Ibadan akitaka kuwa daktari. Haikumchukua muda mrefu kubadili nia, akahamia masomo ya Kilatini na Kigiriki cha kale, akahitimu mwaka 1956. Chuoni alijulikana kwa michezo, kwa ucheshi na kwa muziki. Alipiga piano vizuri, na Wole Soyinka alipopanda jukwaani kuimba mbele ya watu kwa mara ya kwanza, aliyempigia piano alikuwa Okigbo. John Pepper Clark, mshairi kutoka eneo la mito la Niger Delta, naye alikuwa mtu wa kundi hilo.

Tuwaangalie hao wanne. Achebe na Okigbo walikuwa Waigbo wa mashariki. Soyinka ni Myoruba wa magharibi. Clark alitoka katika jamii ndogo za pwani ya kusini. Walisoma chuo kimoja, waliandika katika majarida mamoja, walikosoana na kucheka pamoja. Hii ndiyo Nigeria waliyodhani wanaijenga.

Alipomaliza chuo, Okigbo alijaribu kazi nyingi. Alifanya kazi katika kampuni za biashara, akawa katibu wa waziri mmoja wa serikali ya shirikisho, kisha akaenda kufundisha Kilatini katika shule ya sekondari ya Fiditi, mji mdogo karibu na Ibadan. Ni hapo Fiditi, mbali na kelele za mji mkuu, ndipo alipoamua kwamba ushairi ndio kazi yake na mengine yote ni ya kutafutia chakula. Baadaye alikuwa mkutubi katika chuo kikuu kipya cha Nsukka, huko kwao mashariki. Jina la Nsukka tutalirudia, kwa sababu karibu na mji huohuo ndipo alipouawa.

Mwaka 1963 alimuoa Judith Safinat Attah, binti wa mtawala wa jadi wa watu wa Ebira, jamii inayoishi kusini magharibi ya mahali ambapo mto Niger na mto Benue hukutana. Mwaka uliofuata walipata binti, Obiageli. Bwana harusi alikuwa Mwigbo aliyelelewa Kikatoliki, na bibi harusi alitoka katika nyumba ya mfalme wa jamii nyingine kabisa. Kwa Nigeria ya wakati ule, ndoa hiyo ilivuka mpaka ambao wengi hawakuuvuka.

Kampala, Juni 1962

Sehemu moja ya maisha ya Okigbo inapita hapa kwetu. Juni 1962 waandishi wa Afrika wanaoandika kwa Kiingereza walikutana katika chuo cha Makerere, Kampala, miezi michache kabla Uganda haijapata uhuru. Achebe, Soyinka, Clark na Okigbo walisafiri kutoka Nigeria. Kutoka Afrika Mashariki walikuwepo Grace Ogot, Rebecca Njau na mwanafunzi kijana wa Makerere aliyeitwa James Ngugi, ambaye dunia ilikuja kumjua kwa jina la Ngũgĩ wa Thiong'o.

Miaka mingi baadaye, Ngũgĩ alikosoa mkutano huo kwa jambo moja. Yeye mwanafunzi aliyekuwa na hadithi chache za Kiingereza alialikwa, lakini Shaaban Robert, aliyekuwa ameshaandika vitabu vingi vya Kiswahili, hakuwa na nafasi kwa sababu ya lugha aliyoandikia. Shaaban Robert alifariki dunia mwezi huohuo wa Juni 1962.

Okigbo alijulikana Kampala kwa msimamo ambao uliwaudhi baadhi ya wenzake. Alisema kwamba mashairi yake aliwaandikia washairi wenzake tu. Na kweli, mashairi yake ya mwanzo si mepesi. Ndani yake mna Biblia, hadithi za Wagiriki wa kale, ibada za Kikatoliki na nyimbo za Kiigbo, vyote vimesukwa pamoja kama mkeka wa rangi nyingi. Msomaji asiyejua asili ya kila ukindu hupata shida kuona picha nzima.

Kampala ilibaki katika maisha yake kwa njia nyingine. Jarida la Transition, lililoanzishwa mjini humo na Rajat Neogy mwaka 1961, lilimfanya mhariri wake wa Afrika Magharibi. Wakati huo alikuwa akiishi Ibadan akiwa mwakilishi wa shirika la uchapishaji la chuo kikuu cha Cambridge. Alikuwa pia katika klabu ya Mbari, ambako wasanii na waandishi walikutana, na ni Mbari iliyochapisha vitabu vyake viwili, Heavensgate mwaka 1962 na Limits mwaka 1964.

Mwaka 1966 tamasha kubwa la sanaa za watu weusi lilifanyika Dakar, Senegal, na Okigbo akashinda tuzo ya kwanza ya ushairi. Aliikataa. Alisema hakuna ushairi wa watu weusi wala wa watu weupe. Kuna ushairi mzuri na ushairi mbaya, basi. Mwaka huo aliokataa kuwekwa katika fungu la rangi ndio mwaka ambao Wanigeria walianza kuuana kwa sababu ya kabila.

Nchi inapasuka

Nigeria ilipata uhuru tarehe 1 Oktoba 1960. Waingereza waliiacha ikiwa shirikisho la mikoa mitatu mikubwa: Kaskazini ya Wahausa na Wafulani, Magharibi ya Wayoruba, na Mashariki ya Waigbo. Kila mkoa ulikuwa na chama chake chenye nguvu na jamii ndogo zilizolalamika kumezwa. Siasa ikawa kugombea nani atashika serikali ya shirikisho na mapato yake, huku mafuta ya petroli yakiwa yameanza kuchimbwa kusini.

Okigbo aliyaona haya kwa karibu, kwa sababu Ibadan, alikokuwa akiishi, ndiyo iliyokuwa makao makuu ya Mkoa wa Magharibi. Uchaguzi wa mkoa huo mwaka 1965 ulidaiwa kuibwa, na watu wakachomana moto, nyumba na magari.

Usiku wa kuamkia tarehe 15 Januari 1966, kikundi cha maafisa vijana wa jeshi kilifanya mapinduzi. Waziri mkuu Abubakar Tafawa Balewa aliuawa, pamoja na viongozi wa mikoa ya Kaskazini na Magharibi. Mmoja wa maafisa hao, Emmanuel Ifeajuna, alikuwa rafiki wa Okigbo tangu siku za chuo. Ifeajuna alikuwa maarufu hata kabla ya hapo, kwa kuwa mwaka 1954 alishinda medali ya dhahabu ya kuruka juu katika michezo ya nchi zilizotawaliwa na Uingereza, huko Vancouver, Canada.

Mwanzoni wengi walishangilia, wakidhani rushwa imekwisha. Lakini wengi wa maafisa wale walikuwa Waigbo, na wengi wa viongozi waliouawa hawakuwa Waigbo. Na aliyeshika madaraka baada ya hapo, Jenerali Aguiyi-Ironsi, naye alikuwa Mwigbo. Kaskazini watu waliona ni njama ya kabila moja. Mwezi Julai askari wa kaskazini walifanya mapinduzi yao, Ironsi akauawa, na Yakubu Gowon akawa kiongozi. Kisha yakaja mauaji ya raia. Maelfu ya Waigbo na watu wengine wa mashariki waliokuwa wakiishi kaskazini waliuawa majumbani, sokoni na kwenye vituo vya reli. Zaidi ya watu milioni moja walikimbilia mashariki na kile walichoweza kubeba.

Mashairi ya radi

Tangu mwishoni mwa 1965 mashairi ya Okigbo yalikuwa yamebadilika. Aliyaita Path of Thunder, yaani njia ya radi, na akayaeleza wazi kuwa ni mashairi ya kutabiri vita. Yule mshairi wa Kampala aliyesema anawaandikia washairi tu sasa alianza kutumia mdundo wa ngoma za kijijini, wanyama wa hadithi za kale na mafumbo ambayo mtu yeyote aliyekulia kijijini angeyaelewa.

Katika mojawapo, tembo mwenye nguvu anaangushwa na radi. Msomaji wa mwaka 1966 alijua tembo ni nani: ni utawala ulioanguka Januari. Lakini Okigbo hakuishia kwenye kushangilia. Aliwaonya waliokusanyika kugawana nyama kwamba wakumbuke radi bado iko juu. Katika shairi hilohilo alijitaja kwa jina lake na kujionya kwamba mdomo wake unaweza kumponza.

Hapo tunaona kazi ya mshairi wa aina ile ambayo jamii zetu zinaijua. Hata malenga wa pwani yetu waliwasema watawala kwa fumbo, wakijua kwamba neno likifika masikioni mwa mkubwa linaweza kumgharimu aliyelitunga. Okigbo alifika hapo kwa kusukumwa na yaliyokuwa yakitokea mbele ya macho yake. Mashairi haya hakuyaona yakichapishwa. Yalitoka katika jarida la Black Orpheus mwaka 1968, yeye akiwa ameshakufa.

Kurudi mashariki

Baada ya mauaji ya 1966, Ibadan haikuwa tena mahali salama kwa mtu wa mashariki. Okigbo aliacha kazi yake na nyumba yake, akarudi kwao. Achebe naye alikimbia Lagos. Marafiki hao wawili walikutana Enugu, mji mkuu wa Mashariki, na wakafanya jambo ambalo mtu hategemei kutoka kwa watu wanaosubiri vita: walianzisha kampuni ya kuchapisha vitabu. Waliiita Citadel Press, na walitaka hasa kuchapisha vitabu vya watoto, ili watoto wa Kiafrika wasome hadithi za kwao.

Kitabu chao cha kwanza kilitokana na hadithi ya mbwa iliyoletwa na mwandishi John Iroaganachi. Achebe aliifanyia kazi hadi ikawa hadithi ya chui. Chui ni mfalme mpole asiye na kucha wala meno makali. Mbwa, mnyama pekee mwenye meno makali, anampiga na kumfukuza katika nyumba ambayo wanyama wote waliijenga pamoja, na wanyama wengine wanamgeuka mfalme wao. Chui anatafuta meno ya chuma kwa mhunzi na sauti kwa radi, anarudi, na tangu siku hiyo urafiki wa wanyama unakwisha. Okigbo alitunga shairi la paa lililowekwa ndani ya hadithi hiyo. Hakuna mtu mzima wa Enugu ambaye angeshindwa kuelewa hadithi hiyo inazungumzia nini.

Tarehe 30 Mei 1967, Luteni Kanali Chukwuemeka Odumegwu Ojukwu alitangaza kwamba Mashariki imejitenga na kuwa nchi inayoitwa Biafra. Tarehe 6 Julai majeshi ya serikali ya shirikisho yalianza mashambulizi. Siku chache baadaye Nsukka, ule mji wa chuo kikuu alikowahi kufanya kazi maktaba, ulianguka.

Okigbo alikwenda jeshini. Hakuwa amepata mafunzo ya uafisa, lakini alipewa cheo cha meja na kupelekwa uwanjani. Mtu wa elimu yake angeweza kupata kazi ya kutangaza habari, ya kusafiri nje kuitetea Biafra au ya ofisini, kama waandishi wengine walivyofanya. Yeye alitaka kuwa mahali risasi zilipo. Soyinka alipokuja Enugu mwezi Agosti kutafuta njia ya kusimamisha vita, alimkuta rafiki yake ameshakuwa askari. Aliporudi upande wa shirikisho, Soyinka alikamatwa na kufungwa hadi Oktoba 1969, muda mrefu akiwa peke yake katika chumba cha gereza.

Habari kutoka redio ya Lagos

Okigbo aliuawa katika mapigano ya kugombea eneo la Nsukka, kabla majeshi ya shirikisho hayajaiteka Enugu tarehe 4 Oktoba 1967.

Habari zake zilimfikia Achebe kwa redio. Nyumba ya Achebe mjini Enugu ilikuwa imelipuliwa kwa bomu, akawa anakaa kijijini kwao Ogidi. Alasiri moja alikuwa njiani akiendesha gari kutoka Enugu, redio ya gari ikiwa imefunguliwa kituo cha Lagos, yaani kituo cha upande wa pili. Watu wa vitani, kama Achebe alivyoeleza baadaye, hawawezi kuishi bila redio, hata ile ya adui. Mtangazaji akataja, miongoni mwa habari za ushindi, kwamba meja wa waasi aitwaye Christopher Okigbo ameuawa. Achebe alisimamisha gari pembeni ya barabara. Magari mengine yaliendelea kupita.

Alipofika nyumbani na kuwaambia watu wake, mwanawe wa miaka mitatu alipiga ukelele akimsihi baba yake asimwache Okigbo afe. Mtoto huyo na Okigbo walikuwa marafiki. Kila Okigbo alipokuja, mtoto alimrukia mapajani na kumshika vidole, akijitahidi kuvivunja, naye Okigbo akijifanya anaumia. Mwaka 1978 Achebe na Dubem Okafor walipokusanya mashairi ya kumkumbuka rafiki yao, kitabu hicho walikipa jina kutokana na maneno ya mtoto huyo.

Vita viliendelea kwa zaidi ya miaka miwili baada ya kifo chake. Biafra ilizingirwa na kunyimwa njia za chakula. Watu zaidi ya milioni moja wanakadiriwa kufa, wengi wao watoto, na wengi kwa njaa kuliko risasi. Tarehe 13 Aprili 1968 Tanzania ya Mwalimu Nyerere ilikuwa nchi ya kwanza kuitambua Biafra, uamuzi uliozua mabishano makali barani Afrika kwa kuwa nchi nyingi ziliogopa kuvunjwa kwa mipaka. Biafra ilisalimu amri Januari 1970, na Gowon akatangaza kwamba hakuna mshindi wala mshindwa.

Kesi iliyofunguliwa na mtu wa Mombasa

Mwaka 1971 msomi mzaliwa wa Mombasa, Ali Mazrui, aliyekuwa akifundisha Makerere, alitoa riwaya yake The Trial of Christopher Okigbo, yaani kesi ya Christopher Okigbo. Mazrui anatupeleka ahera, mahali wanapokutana Waafrika waliokufa, na huko Okigbo anashtakiwa. Kosa lake ni kwamba aliitanguliza jamii yake mbele ya sanaa yake. Mshairi mkubwa, mashtaka yanasema, ni mali ya watu wote, na hana haki ya kuutupa uhai wake kwa ajili ya kundi moja. Anayemtetea ni kijana Mkenya aitwaye Hamisi.

Swali la Mazrui lilikuwa zito, na halijazeeka. Upande mmoja wanasema Okigbo angebaki hai angetoa mashairi kwa miaka 30 au 40 zaidi, na kwamba bunduki moja zaidi haikuiokoa Biafra. Nyumba yake ya Enugu ililipuliwa pamoja na maandiko ambayo hayakuwa yamechapishwa. Hasara hiyo ni ya Afrika nzima.

Upande wa pili wanauliza: mtu aliyeona majirani zake wakirudi kwa treni wakiwa na majeraha na maiti, angewezaje kukaa mezani kutafuta vina? Wanaosema hivi wanakumbusha kwamba Okigbo hakuwahi kuwachukia Wanigeria wengine. Mke wake, rafiki zake na miaka yake ya Ibadan vinalithibitisha hilo. Alichokipigania, kwa maoni yao, kilikuwa haki ya watu wake kuishi.

Sisi tunaona kwamba kesi hiyo imemkalisha kizimbani mtu mmoja wakati kosa ni la wengi. Kabla Okigbo hajachagua bunduki, wanasiasa walikuwa wameiba kura, maafisa wa jeshi walikuwa wamewaua viongozi usingizini, na raia walikuwa wamewaua majirani zao bila yeyote kufikishwa mahakamani. Kila hatua kati ya hizo ilipunguza nafasi ya kusimama katikati, na kufikia Julai 1967 nafasi hiyo ilikuwa karibu imekwisha. Aliyejaribu kusimama hapo, Soyinka, alifungwa. Ifeajuna, aliyekuwa shujaa wa michezo kisha wa mapinduzi, aliuawa na Biafra yenyewe mwezi Septemba mwaka huo kwa kushtakiwa kula njama dhidi ya Ojukwu. Clark alibaki upande wa shirikisho, na yeye na Achebe walitengana.

Kilichobaki

Mwaka 1971 mashairi ya Okigbo yalichapishwa pamoja katika kitabu kimoja, Labyrinths with Path of Thunder. Ni kitabu chembamba, lakini ndicho kilichomfanya asomwe katika vyuo vingi vya Afrika na nje yake. Binti yake, Obiageli, aliyekuwa mtoto mdogo baba yake alipouawa, alirithi karatasi zilizosalimika na mwaka 2005 akaanzisha taasisi ya kuzitunza. Miongoni mwa karatasi hizo yalionekana mashairi aliyoyatunga kwa Kiigbo, lugha ya mama yake. Mwaka 2007 karatasi hizo ziliingizwa katika orodha ya UNESCO ya kumbukumbu muhimu za dunia.

Wale rafiki zake watatu waliobaki hai waliishi hadi uzeeni. Mwezi Machi 1986 Achebe, Soyinka na Clark walikwenda pamoja kwa kiongozi wa kijeshi wa wakati huo, Jenerali Ibrahim Babangida, kumwombea uhai Mamman Vatsa, jenerali aliyekuwa pia mshairi, ambaye alihukumiwa kifo kwa kosa la kupanga mapinduzi. Vatsa alitoka kaskazini na alikuwa amepigana upande wa shirikisho, upande uliomuua Okigbo. Hawakujali hilo. Walisikilizwa kwa heshima, na siku iliyofuata Vatsa akapigwa risasi.